Niliyemjua kwa Viatu

Wengine walimjua kwa uso. Mimi nilimjua kwa viatu.
Miaka thelathini na mmoja nilikaa shimoni chini ya jukwaa,
ukumbi wa Pireo, taa ndogo, kikohozi nimekibana,
kazi yangu kuwanong'onezea waigizaji maneno waliyoyasahau.
Anestis Vamvakidis alisahau kwa adabu:
ncha ya kiatu cha kushoto iligonga ubao mara mbili,
nami nikamrushia neno, kama jirani arushavyo ufunguo toka roshani,
ila mimi nilirusha kwenda juu.

Babake alikuwa fundi viatu Kokinia, mtaa wa wakimbizi
waliovuka kutoka Smirna na sufuria moja.
Alijaza misumari mdomoni, akaitema mmoja mmoja,
nyundo ikasema ta, ta-ta, ta.
Mtoto chini ya meza alihesabu.
"Huko ndiko nilikosomea muziki," aliniambia. "Chuo kikuu cha soli."

Uso haukuwa wa shujaa. Pua ya kupinda, masikio kama vishikio vya chungu.
Filamu zikamfanya tarishi wa posta, mjinga wa kijiji,
asomaye barua za watu kwa sauti na kulia kabla ya mwenye barua.
Filamu kumi na saba, mfuko uleule wa ngozi.
Sokoni kwenye samaki, ndani ya feri ya Egina, walimpigia kelele:
"Tarishi, umeniletea nini?"
Naye, mkono kifuani:
"Nimekuletea habari mbaya, lakini mwandiko wake mzuri!"

Usiku alitunga. Piano aliinunua kwenye sinema iliyofilisika;
sauti moja ya chini ilikuwa imekufa,
basi nyimbo zake zote zinaruka hapo, kama mtu arukaye dimbwi.
Wajuzi waliuita mtindo. Yeye aliuita ufukara.

Kisha wakaja makanali.
Aprili, vifaru njiani, redio ikapiga gwaride asubuhi nzima.
Mwezi wa sita alifika mtu mpole wa suti ya kijivu
kuomba wimbo wa kuwaandamishia askari. Kuomba, alisema.
Kesho yake Anestis alikuja kazini na plasta hadi kiwikoni.
Ameanguka ngazini, ati.
Miezi kumi na minne hata tarishi aligawa barua kwa mkono wa kushoto.
Mfupa ulikuwa mzima kama kengele.
Hilo sikuambiwa.

Katika tendo la pili, mwenzake akihutubia,
kisigino kilianza kuzungumza: ta, ta-ta, ta.
Nikamrushia neno. Akalikataa.
Usiku wa tatu nikaelewa, nikachukua penseli.
Pembeni mwa maneno ya mchezo, kando ya "Ondoka, Vasiliki!",
nikaandika vistari na nukta nilivyoweza,
mimi nisiyejua noti, binti wa muuza makaa.
Sauti alikuwa nazo kichwani; alichohofia kupoteza ni mwendo.
Hatukuliongelea kamwe. Msimu ulipokwisha
nilimwachia karatasi zile ndani ya kiatu.

Wimbo huo unapigwa harusini. Gari la aiskrimu linaupiga, vibaya.

Februari, hospitali ya Nikea: muuguzi anatandika shuka
huku akiuvumisha puani. Akageuka.
"Babu, si wewe yule tarishi? Nisemee ile yako."
Nikafungua mdomo nimwambie. Macho yake yakanizuia.
Akaweka mkono kifuani, wa kulia.
"Nimekuletea habari mbaya..." Akakwama.
Chini ya shuka mguu ukagonga mara mbili.
Nikanong'ona.
Muuguzi alicheka hadi akakaa.

Asubuhi walipoinua shuka niliiona miguu yake, mara yangu ya kwanza:
midogo, myeupe, kidole cha mwisho kimejikunja.
Namba arobaini, labda arobaini na moja.
Jukwaani alivaa arobaini na tatu. Mkewe aliniambia alijaza pamba.
Nilimuuliza kwa nini, akashangaa kwamba nauliza.
"Kiatu kikubwa," alisema, "husikika hadi chini."